Mjomba Nusu na Mkono wa Mgongoni

Mjomba wangu alicheza tenisi ya kulipwa miaka kumi na sita na hajawahi kucheza uwanja mzima. Ndiyo maana watu wanamwita Nusu. Alikuwa mchezaji wa wawili wawili tu, yaani wawili upande huu, wawili upande ule, kila mtu na nusu yake. Bibi yetu, mama yake, alipoelezwa mara ya kwanza aliuliza, "Kwa hiyo na kuchoka unachoka nusu?"

"Mama, nachoka zaidi. Nachoka na mwenzangu."

Bibi akasema hiyo kazi ya kusimama tu karibu na wavu hata mbuzi aliyefungwa angeiweza.

Mke wake tunamwita Mama Pacha, na utani wa nyumbani kwetu ni kwamba Mjomba hata kuzaa hawezi mmoja mmoja. Naye anacheka. Mjomba anacheka sana, anacheka mpaka anashika ukuta. Ila kuna jina moja ukilitaja anakata kicheko kama redio iliyochomolewa kwenye umeme. Jina lenyewe ni Kushoto.

Kushoto ndiye alikuwa mwenzake. Walianza pamoja wakiwa na miaka kumi na miwili, wakiokota mipira kwenye klabu ileile ambayo Mjomba anafundisha leo, wanasubiri wanachama waende kula ndipo wacheze na raketi zilizokatika nyuzi. Kushoto alikuwa anapiga kwa mkono huo wa jina lake, na mpira wake wa kuanzisha ulikuwa unapinda ukitoka kama unakimbia deni. Mjomba yeye alikuwa mzito wa miguu lakini mikono yake mbele ya wavu ilikuwa na akili. Kocha wao aliwaangalia mwaka mzima, kisha akamwambia Mjomba, "Wewe uwanja mzima utakuua. Nusu unaiweza." Jina likaganda hapo.

Sasa nikueleze wanavyofanya kazi hawa watu, maana bila hilo hutaelewa kilichomuuma Mjomba.

Mmoja anaanzisha mpira kutoka nyuma. Mwenzake anasimama mbele karibu na wavu, amempa mgongo. Kabla mpira haujapigwa, yule wa mbele anapeleka mkono mgongoni, wapinzani wasiuone, anaonyesha alama. Ngumi maana yake nabaki upande wangu. Kiganja wazi maana yake nakata, nahamia upande wa pili kuukamata mpira njiani, kwa hiyo wewe kimbia uje kuziba pengo langu. Shida ni kwamba wa mbele haoni nyuma. Hajui kama mwenzake ameuona mkono au anafunga kamba za viatu. Kwa hiyo wa nyuma lazima aitikie. Kuna wanaosema ndiyo, kuna wanaogonga raketi kwenye kiatu. Kushoto alikuwa anasema "twende." Sauti ya chini, ya puani kidogo. Halafu anadundisha mpira mara mbili, anapiga.

Na wa mbele hageuki. Hiyo ni sheria. Kocha wao aliifundisha kwa mdomo wake mwenyewe, maana alikuwa na pengo la meno mawili ya mbele. "Haya meno," alikuwa anawaambia, "yaliondoka siku niliyogeuka kumwangalia mwenzangu." Basi miaka yote Mjomba hakugeuka. Alikuwa anasikiliza tu. Anaonyesha mkono, anasubiri twende, anaisikia, anaondoka. Anasema kuna siku alikuwa anaanza kuondoka kabla hata sauti haijafika, maana alikuwa anamsikia Kushoto akivuta pumzi.

Walizunguka hivyo miaka tisa. Usidhani ni maisha ya kwenye televisheni. Ni mabasi ya usiku kucha, vyumba vya kulala wageni vyenye kitanda kimoja, mmoja leo kitandani, mwingine kesho. Soksi wanafua kwenye sinki, mashati wanayaanika juu ya raketi mbele ya feni. Kushoto akikoroma Mjomba anamrushia mpira. Akilala sana Mjomba, Kushoto anamwagia maji ya kunawia. Waligombana kuhusu dirisha, kuhusu sabuni, kuhusu nani kamaliza dawa ya meno, lakini uwanjani hawakuwahi kugombana hata siku moja. Walishinda vikombe vinane vidogo. Gazeti moja liliwahi kutoa picha yao, ila ilikunjwa katikati, uso wa Kushoto ukaingia kwenye mkunjo. Kushoto akasema, "Ona sasa, hata gazeti linajua nani mzuri wa sura." Mjomba bado anayo.

Kisha Kushoto akaumia kifundo cha mkono. Miezi miwili na nusu hakushika raketi.

Kwenye wawili wawili ukitaka kuingia mashindano makubwa wanajumlisha namba zenu mbili za viwango. Namba ikiwa ndogo ndiyo nzuri. Ya Mjomba ilikuwa nzuri. Ya Kushoto, kwa kukaa nje, ikawa imepanda kama homa. Na hapo ndipo yakaja mashindano makubwa kuliko yote waliyowahi kusogelea, yale waliyokuwa wanayasema tangu wakiokota mipira. Namba zao zikijumlishwa zilikuwa zinabaki nje kidogo. Ila kuna orodha ya kusubiri. Unaandika majina yenu wawili mezani kwa refa kabla ya saa sita mchana, na jozi yoyote ikijitoa, nyie mnaingia.

Kushoto alikuwa amekwenda kuonyesha mkono kwa daktari mara ya mwisho, akapanda basi asubuhi. Wakaelewana kwa simu. Mjomba ataandika majina, Kushoto atafika mchana, jioni watafanya mazoezi. "Usisahau jina langu lina herufi nyingi," Kushoto akamwambia, "usije ukachoka katikati." Wakacheka.

Mjomba akafika mezani saa tano na dakika ishirini. Kalamu ilikuwa imefungwa kwa uzi kwenye mguu wa meza. Kabla hajaandika akaguswa bega. Alikuwa mchezaji mmoja mrefu sana, namba yake nzuri kupita kiasi, mwenzake kaamka na homa. Akamwambia Mjomba, "Tukijiandika mimi na wewe, hatusubiri mtu. Tumo ndani sasa hivi." Kisha akaenda kusimama pembeni, akawa anakula ndizi.

Mjomba alikaa na ile kalamu nusu saa. Simu ilikuwa mfukoni, ina chaji, ina salio. Refa, mama mmoja wa miwani, akamwuliza, "Kaka, unaandika au unachora?"

Saa sita kasoro dakika kumi akaandika jina lake. Chini yake akaandika la Mrefu.

Akasema moyoni atampigia Kushoto akimaliza kunywa maji. Akamaliza maji. Akasema yuko barabarani, ya nini kumtia mtu majonzi akiwa kwenye basi, bora amwambie ana kwa ana. Hivyo ndivyo alivyojidanganya, na ananiambia mwenyewe kwamba alijua anajidanganya wakati huohuo, kama mtu anayejipikia chakula kibaya na anakila.

Kushoto akashuka saa sita na robo, akaenda moja kwa moja kwenye ubao wa majina, begi bado begani. Mjomba alikuwa hatua tano nyuma yake. Alimwona akisoma, kidole kinafuata mstari, kikarudi, kikafuata tena.

"Hili la kwanza ni lako," Kushoto akasema, macho yakiwa bado ubaoni. "Hili la pili sio langu."

"Ni wiki moja tu, ndugu yangu. Tungebaki nje."

"Ungenipigia."

"Ulikuwa njiani."

"Nilikuwa njiani nakuja kwako."

Kushoto akarekebisha mkanda wa begi, akamwangalia mara moja, akasema, "Basi kacheze." Akaondoka kwa mlango uleule alioingilia.

Saa tisa alasiri hiyohiyo jozi tatu zikajitoa. Orodha ya kusubiri ilikuwa na jozi mbili tu, zote zikaingia. Hakuna aliyebaki nje. Yule mama wa miwani alilisema tu kama jambo la kawaida, akimwambia mtu mwingine, na Mjomba akiwa amesimama pale na ratiba mkononi.

Kesho yake akacheza na Mrefu. Walitolewa kwa dakika hamsini. Mrefu hakuwa mtu wa kuangalia mikono. Mjomba akaonyesha kiganja, akasikiliza, kimya, akadhani labda hajasikia vizuri, akakata. Mpira ukapita pale alipotoka, na Mrefu hata hajasogea kuziba. Akaonyesha tena. Kimya tena. Walipokuwa wanabadilisha upande akamwuliza, "Kwani huoni mkono wangu?"

"Naona," Mrefu akasema. "Ila wewe cheza na mkono wako, mimi nacheza na mpira wangu."

Baada ya hapo Mjomba akacheza miaka saba mingine na wenzake kumi na tisa. Aliwahesabu. Wengine wiki moja, wengine miezi mitatu, kama mpangaji anayehama kabla hajafungua maboksi. Walikuwepo wazuri, walikuwepo wapole. Mmoja alikuwa anaitikia kwa kukohoa, Mjomba akadhani mgonjwa. Lakini aliniambia kwamba kila aliposimama wavuni na mkono mgongoni alikuwa anasubiri sauti moja tu, na ilipokuja nyingine miguu ilichelewa kidogo. Kwenye kazi ile kuchelewa kidogo ndiyo kushindwa kwenyewe. Namba yake ikawa inapanda polepole, mpaka siku moja hakuna aliyemgusa bega.

Kushoto hakurudi kwenye tenisi. Kifundo kilipona, ila alikwenda kujifunza ufundi wa friji kwa shemeji yake na akabaki huko. Mjomba alimpigia simu mara nyingi. Siku zote alipokea mkewe.

"Shemeji, yuko kazini."

"Leo Jumapili, shemeji."

"Friji hazijui Jumapili."

Mama Pacha ndiye aliyemkataza asiendelee. "Baba Pacha, wewe unataka akusamehe ili ulale. Mwache naye alale."

Hivyo miaka kumi na moja ikapita. Mjomba akarudi klabuni kufundisha, na chini ya ngazi za ukumbi akapewa kachumba ka kufungia nyuzi za raketi. Mimi nafanya naye kazi hiyo, kwa hiyo haya ya mwisho niliyaona kwa macho yangu.

Ilikuwa Jumamosi asubuhi. Friji kubwa ya jikoni ilikuwa imegoma tangu juzi, maziwa yamechacha, mpishi analalamika kwa kila anayepita. Katibu wa klabu alichukua namba ya fundi kwenye karatasi iliyobandikwa ubavuni mwa friji, akapiga bila kujua anampigia nani. Saa mbili na nusu mpishi akachungulia kwetu. "Fundi wa friji kafika."

Mjomba akainua kichwa. Mlangoni alipita mtu wa makamo, mfupi, shati la kazi, amebeba sanduku la vifaa kwa mkono wa kushoto. Mjomba akaacha uzi kwenye mashine, umevutwa nusu. Uzi ukivutwa hivyo hauachwi, unalegea. Aliuacha.

"Habari za siku nyingi," akamwambia.

"Nzuri," Kushoto akasema. "Friji iko wapi?"

Akaonyeshwa. Akaigeuza, akakuta bomba dogo la nyuma lina tundu, akaliziba, akajaza gesi. Mjomba alisimama mlango wa jikoni muda wote kama mtu aliyeleta mgonjwa hospitali. Alikuwa na maneno, najua, maana aliwahi kunisomea. Alikuwa ameyapanga miaka mingi, yanaanza na "siku ile". Hayakutoka. Kushoto akafunga kifuniko, akasema inabidi asubiri saa nzima aone kama inashika baridi.

Sasa kila Jumamosi kuna daktari wa meno na wakili na mhandisi wanaocheza wawili wawili, Mjomba akiwa wa nne. Siku hiyo mhandisi alikuwa amesafiri. Daktari wa meno ni mtu wa mdomo. Alimwona Kushoto amekaa kwenye benchi akasema, "Fundi, huo mkono wa kushoto uliwahi kushika raketi?"

"Uliwahi."

"Basi tuokoe. Tukimleta mpishi atatulilia habari za maziwa."

Kushoto akaangalia viatu vyake, vile vizito vya kazini. Daktari akamletea vyake vya akiba, vikubwa namba moja. Kushoto akatia karatasi ya gazeti mbele, akavivaa. Akachukua raketi, akaipima mkononi, akagonga nyuzi kwa kidole. "Nani kafunga hizi?"

"Mimi," Mjomba akasema.

"Zimelegea upande."

Ilikuwa kweli. Mjomba akatabasamu kwa mara ya kwanza siku hiyo.

Wakaingia. Kushoto na Mjomba upande mmoja. Wale wawili hawakuwa na habari ya chochote. Wakili akauliza tu, "Mlishawahi kucheza pamoja?" na Kushoto akajibu, "Zamani." Akaenda nyuma na mipira miwili. Mjomba akaenda mbele. Akainama kidogo, akapeleka mkono mgongoni. Ngumi.

Mimi nilikuwa kwenye benchi, nilikuwa naona wote wawili. Mjomba alikuwa ameinamisha sikio. Siwezi kuelezea vizuri, shingo yake ilikuwa imekaa kama ya mtu anayesikiliza mlango.

Mpira ukadunda mara mbili. Ukapigwa. Ukapinda uleule wa zamani, daktari akapiga hewa. "Ala," daktari akasema, "hii ni friji gani."

Pointi ya pili, kiganja wazi. Hakuna sauti. Mpira ukadunda mara mbili, Mjomba akakata, na Kushoto akakimbia akaziba pengo vilevile inavyotakiwa. Wakashinda ile pointi. Ya tatu, ngumi. Kimya. Wakashinda. Kila kitu kilikuwa kinakwenda kama saa, wale wawili wanatukanana kwa kicheko, na mgongo wa Mjomba ulikuwa unazidi kuinama.

Pointi ya nne akaonyesha kiganja, na mkono ukabaki pale muda mrefu. Mpira ukadunda mara ya kwanza. Ukadunda mara ya pili. Mjomba akageuka.

Miaka yote ile hakugeuka, na siku hiyo aligeuka mwili mzima. Kushoto akaushika mpira, hakupiga.

"Tazama mbele," akasema. "Utaumia."

"Hukuona mkono?"

"Nimeuona. Mara zote nimeuona."

"Mbona huitikii?"

Kushoto akaudundisha mpira tena, polepole, akiuangalia. "Niitikie ya nini? Wewe ukishaamua umeamua. Mimi nakimbia tu kuziba."

Hakulisema kwa hasira. Ningependa niseme alilisema kwa hasira. Daktari wa meno, huko upande wa pili, akauliza kama wamesimama kupiga picha. Mjomba akageukia wavu. Wakamaliza ile seti, wakashinda sita kwa mbili, wakapeana mikono na kila mtu. Wao wawili pia wakapeana, kwa heshima, kama watu wa ofisi moja.

Kushoto akavua viatu, akatoa lile gazeti, akalikunja vizuri akalitia mfukoni. Akaenda jikoni. Mjomba akamfuata, mimi nyuma yao na raketi. Friji ilikuwa inanguruma. Kushoto akafungua, akatia mkono ndani, akaubakiza.

"Siku ile," Mjomba akasema, "nilitaka nikupigie."

Kushoto hakutoa mkono kwenye friji. "Simu nilikuwa nimeishika mkononi," akasema. "Safari nzima. Nilijua utanipigia uniambie tumepewa namba ngapi kwenye orodha." Akausogeza mkono ndani zaidi. "Abiria wa pembeni akaniuliza, unasubiri habari ya mgonjwa? Nikamwambia hapana, nasubiri ndugu yangu."

Mjomba akasema, "Nisamehe." Neno moja. Yale mengine yote aliyoyapanga hayakuonekana.

Kushoto akafunga friji, akajifuta mkono kwenye suruali. Alifikiri kweli, nilimwona anafikiri. "Nilishakusamehe siku nyingi," akasema. "Sio hilo. Ni kwamba ile sauti imeniisha." Kisha akamgeukia mpishi. "Imeshika. Ila msitie kitu cha moto, na msiifungue mpaka jioni. Ikifunguliwa sasa itarudi palepale."

Akachukua sanduku lake kwa mkono wa kushoto. Mjomba akamsindikiza mpaka getini, wakaulizana habari za watoto, nani yuko darasa la ngapi. Hayo nayo yakaisha haraka.

Alivyorudi hakuja kwenye nyuzi. Alikwenda jikoni, akavuta kiti cha plastiki, akakaa mbele ya friji. Mpishi akaja na sufuria la mchuzi, akamkuta hapo.

"Nusu, nipishe nitie hii."

"Kasema jioni."

"Mchuzi umeshapoa."

"Kasema isifunguliwe mpaka jioni."

"Sasa wewe ndiyo askari wa friji?"

Mjomba hakucheka. Mpishi akaniangalia mimi, mimi nikaangalia chini. Akarudi na sufuria lake, ananung'unika. Saa saba nikampelekea chakula, akala palepale kitini. Saa tisa wanafunzi wake wakaja, nikawaambia leo kocha ana kazi. Wakachungulia jikoni wakamwona mtu mzima amekaa anaangalia mlango wa friji, wakaondoka wanabanana mbavu kwa kicheko.

Jua lilipoanza kuingia kwa dirisha la nyuma akasimama, akaufungua mlango kidogo tu, akatia mkono. Akaubakiza ndani kama alivyofanya mwenzake. Kisha akamwita mpishi, akamwambia sasa anaweza kuleta mchuzi wake.